Enid Samways Arudisha Funguo

Kila Jumapili saa nane mchana, akishapanda ukuta wa jumba la Coldmead na kushukia upande wa pili, Enid Samways alianza kupiga mluzi. Hakujaliwa sikio la muziki, na mbwa wa jumba lile walikuwa wakiinuka na kuondoka wakimsikia. Alipiga mluzi bustani nzima, mbele ya madirisha kumi na manne, ili asitokee mtu siku moja akasema kwamba alipita kwa kunyata. Hata Jumapili iliyofuata maziko ya mumewe, Wilf, alipita na mluzi wake, amevaa nguo nyeusi.

Marian aliujua mluzi huo tangu utotoni, kwa kuwa Enid alikuwa dada wa baba yake. Sasa Marian alikuwa na miaka arobaini na minne, akifundisha historia katika chuo cha mjini, na tangu ndoa yake ivunjike alikuwa akiishi na shangazi yake katika nyumba ndogo nyuma ya kanisa. Jioni alisahihisha kazi za wanafunzi mezani huku Enid, aliyekuwa mpishi wa shule maisha yake yote, akimenya viazi na kumkosoa.

Njia yenyewe ilitoka kijijini ikapanda hadi kwenye tuta la makaburi, lililojengwa na watu ambao hawakuwahi kushika chuma. Askari wa Roma waliikuta, wakaitandika mawe kipande. Wasaksoni walipitishia nguruwe wao hapo, na wakuu kutoka Normandi wakapitisha farasi. Kisha akaja mtu mmoja aliyerudi na utajiri wa sukari, sukari iliyolimwa kwa viboko migongoni mwa watu waliotekwa Afrika. Akajenga jumba, akazungusha ukuta, na njia ikabaki ndani. Babu wa babu yake Enid alibomoa mawe ya ukuta huo akafungwa wiki mbili. Alipotoka alibomoa tena. Tangu hapo palikuwa na pengo, limeteremka hadi kimo cha kiuno, na hakuna fundi aliyeliziba likakaa.

"Kila aliyekuja alitukuta tunapita," Enid alipenda kusema.

"Alitukuta sisi nani, shangazi?" Marian alimuuliza mara moja. "Waliojenga tuta si Wasaksoni. Na Wasaksoni si Wanormandi. Wewe mwenyewe bibi yako alitoka Ireland."

"Hao wote wanaopita. Menya hivi viwili vilivyobaki."

Wilf ndiye aliyekuwa na neno zito kuliko wote, na alilisema mara moja tu. Aliitwa jeshini kwa lazima akapelekwa Kenya mwaka 1954, akawekwa kulinda uzio wa seng'enge wa kambi ya wafungwa. "Waliokuwa ndani walidai mashamba yao tu, Enid," alimwambia baada ya miaka mingi. "Na mimi, mjukuu wa watu waliofukuzwa malishoni, ndiye niliyeshika bunduki."  Tangu siku hiyo, mvua au theluji, alikwenda naye ukutani.

Sheria ya nchi ilikuwa upande wa miguu yao. Watu wakipita mahali miaka ishirini mfululizo, bila kutumia nguvu, bila kujificha, na bila kuruhusiwa na mtu, njia huwa ya umma milele. Mwenye jumba wa zamani aliweka bango la kukataza, hesabu ikasimama, na bango lilipooza na kuanguka Oktoba 1993, Enid na majirani wakaanza kuhesabu upya. Sasa ilikuwa Mei 2013, na wapitaji walikuwa wanane, Marian akiwemo. Ilibaki miezi mitano.

Mwezi huo huo Enid alirudi kutoka kliniki ya nyonga akakuta funguo mbili juu ya meza.

"Za nini hizi?"

"Bwana Quayle ametia geti dogo kando ya pengo," Marian alisema. Bwana Quayle alikuwa mwenye jumba mpya, mtu wa London, mpole. "Amesema anajua nyonga inakusumbua. Amekuja mwenyewe, na jamu. Majirani wote wamepewa funguo."

"Na hiki kikadi?"

"Cha kutia sahihi. Kwamba tunapita kwa idhini yake. Changu nimeshampa. Nilimshukuru, shangazi, alikuwa muungwana sana."

Enid alikaa bila kuvua koti.

"Umesoma chuo miaka mingapi, Marian?"

"Sita."

"Miaka mia mbili wametufungia, hatukuacha. Leo wameleta jamu, umeacha."

 Marian alikuwa akiwafundisha watoto wa watu jinsi ardhi ilivyochukuliwa kwa hati na wino, na kalamu alikuwa ameishika yeye. Watu wa kijiji kile wangeweza kukaidi amri ya mfalme, lakini uungwana hawakuweza kuukaidi.

Enid alichukua kopo tupu la biskuti akatoka na mkongojo wake, nyumba hadi nyumba. Marian alimfuata nyuma. Bahati ni kwamba wengine hawakuwa wametia sahihi bado. Mmoja hakuona miwani yake, mwingine alikuwa akitafuta maneno mazuri ya kushukuru. Desmond Gollop, mchimba makaburi mstaafu, ndiye aliyebisha.

"Geti lina bawaba za shaba, Enid. Halitoi hata sauti."

"Ndiyo maana."

"Sasa mtu kakupa kitu kwa uungwana, utamrudishiaje usoni?"

"Kwa mkono, Desmond. Lete."

Jumapili saa nane Bwana Quayle alikuwa na wageni wanne kwenye baraza, wanakunywa chai. Enid aliweka kopo kati ya vikombe. Funguo nane na vikadi saba vilikuwa ndani.

"Bi Samways," Bwana Quayle alisema, akiinuka. "Karibu ukae. Unywe chai kidogo."

"Nikikaa nitakuwa mgeni wako."

"Kwani kuna ubaya? Sikuwa na nia mbaya."

"Najua, kijana wangu. Nia mbaya alikuwa nayo wakili wako. Wewe ulitia jamu tu."

Mgeni mmoja alicheka, akajifanya anakohoa. Bwana Quayle alibadilika rangi.

"Na ukianguka pale ukutani, na miaka yako themanini na moja?"

"Nitaanguka bila ruhusa ya mtu."

Akarudi pengoni, akakaa juu ya mawe, akaunyanyua mguu mmoja kwa mikono miwili, kisha wa pili. Marian, aliyekuwa amemfuata, alinyoosha mkono kumshika, na jicho alilotupiwa likamfanya aurudishe mfukoni.

Walipita hivyo kiangazi chote. Septemba Enid alitumia saa nzima kwa njia ya dakika kumi, na Jumapili ya mwisho ya Oktoba alipita akiwa na homa. Novemba, walipopeleka dai lao, ofisa wa kaunti alikaa kwenye ukumbi wa kanisa akamuuliza kila mmoja kama aliwahi kupewa ruhusa. Wengine saba waliulizwa wakajibu kwamba waliletewa wakairudisha. Marian alisema ukweli: yeye aliipokea, tena kwa sahihi. Ofisa akaliweka kando jina lake, na Marian akatoka nje kusimama peke yake kwenye baridi.

Uamuzi ulifika Machi, Enid akiwa kitandani na mapafu yamejaa. Marian aliusoma mara mbili, taratibu. Njia imeandikwa kwenye ramani ya kaunti, kuanzia kijijini hadi kwenye tuta.



"Jumapili nitapita mimi," Marian alisema. "Bwana Quayle ameandika barua. Anasema ameshindwa kwa haki, na atakuwa mlangoni anipe mkono."

"Vaa buti," Enid alisema. "Na usimshukuru."