Sir Shija hakukichagua kile kitabu

Jana tumemzika Sir Shija kwao Malampaka, na leo asubuhi nimejikuta nawahi kupanga viti kwa ajili ya kipindi chake. Jamani. Kichwa kimeelewa, miguu bado.

Wanaonijua wanajua siongei. Nikiitwa jina darasani nasimama, halafu basi. Kwa hiyo msishangae kwamba haya nayaandika.

Kwa wasiomjua: alitufundisha jiografia tangu Form Five, shule moja ya binafsi hapa Bariadi. Presha ilimwangusha Jumamosi akiwa anapiga pasi. Hakufika hospitali.

Mwaka jana shule ilikuwa inatafuta kitabu cha kutuanzishia haidrolojia, yaani elimu ya maji: mvua ikishanyesha inaenda wapi, mto unajaaje, maji yanajificha vipi ardhini. Wazazi wanasema zamani kitabu kilikuwa kimoja, kinatoka serikalini, hakuna cha kuchagua. Sasa ni soko huria. Kila kampuni ina wakala wake, na kila wakala ana fulana zake za kugawa.

Sir akasema kitabu hakichaguliwi ofisini. Akatugawia sampuli za kwenda nazo nyumbani wikiendi. "Soma ukurasa mmoja kwa Kiingereza, kisha umweleze mtu mzima wa nyumbani kwa Kisukuma. Jumatatu uniambie amesema nini."

Nilianza na kile kinene, kina picha za rangi, kinang'aa mpaka unaogopa kukishika. Nikamweleza Bibi habari za mto unaolishwa na theluji inayoyeyuka milimani. Theluji nilikosa neno lake, nikasema mawe ya mvua.

"Mawe yanayeyuka mwaka mzima?"

"Ndiyo, Bibi."

"Haya, mayu," akaniita mama kwa Kisukuma. Akajifunika kanga, akalala.

Wikiendi iliyofuata nikaenda na kile chembamba, karatasi zake kama za gazeti. Hicho kilieleza mito ya mchanga, ile inayokauka juu huku maji yamebaki chini. Kikasema ukitaka maji, chimba pale mwamba unapoukata mto, upande wa juu.

Bibi akainuka kwenye kigoda. "Muongo huyo! Kazaliwa wapi? Unachimba kwenye kona ya mto!" Alimtukana mwandishi mpaka jirani akaja kuuliza kuna nini.

Jumatatu nikamnong'oneza Sir. Alicheka hadi akavua miwani. "Ametukana? Safi sana! Kitabu kinachotukanwa kimeeleweka."

Akatupeleka mtoni, Bibi ametangulia na jembe. "Mwangaluka, mayu," Sir akamsalimia, ameinama kama mkwe. Tukachimba mashimo mawili, la kitabu na la Bibi.

La kitabu likatoa maji kwanza. Bibi akalitazama, akasema mchanga umehama tangu ujana wake, na huyo mwandishi kabahatisha tu. Sir akamwambia, "Basi Bibi, tuandikie cha kwako." Wakabishana njia nzima ya kurudi, wote wawili wana raha.

Hicho chembamba ndicho alichokichagua. Naomba mkumbuke hilo tu, hata kama mengine mtayasahau.

Siku ya uamuzi nilikuwepo ofisini kwa walimu, nimebeba boksi la sampuli. Mkuu wa shule akakishika kile chembamba kwa vidole viwili. "Shija, wazazi walipe ada watoto wasome gazeti? Wageni wakija wataona nini?"

Mwalimu mwingine akadakia, "Mwache, mkuu. Mshauri wake ni bibi mwenye jembe."

Kicheko. Wakala wa kile kinene naye alicheka, soda mkononi. Mashine mpya ya kutoa kopi aliyowaletea "kama marafiki" ilikuwa pembeni, hata nailoni haijatolewa.

Sir hakucheka. "Hiki kinene hakina hata mto mmoja unaokauka. Hawa watoto mto usiokauka watauona wapi?"

"Wataukuta chuo kikuu," Mkuu akasema. Vikaja vinene.

Mwaka mzima vinene vimelala madawatini, na Sir anatunakilia kile chembamba ubaoni, sura kwa sura, mkono mweupe hadi kwenye kiwiko. Tulifaulu. Mkuu akasema ni kazi ya kile kinene.

Sasa nije kwenye jana.

Mkuu alipewa kipaza sauti. Akainua kile kinene juu, akasema, "Marehemu ndiye aliyetuchagulia kitabu hiki. Hii ndiyo alama aliyotuachia." Wakala alikuja na shada lenye jina la kampuni, kubwa kuliko jina la Sir. Wakapiga picha. Halafu wakakiweka kitabu juu ya jeneza.

Mama yake Sir hajui kusoma. Alikishika kwa mikono miwili, akakipangusa vumbi, akawaambia asanteni kwa kumheshimu mwanangu.

Ningesema nini pale? Ningemnyang'anya mama wa watu?

Kikashuka nacho kaburini. Sir Shija amezikwa na kitabu alichokikataa.

Lakini Mama hayupo mtandaoni. Mkuu yupo. Wakala yupo. Status zenu nimeziona, na mishumaa yenu, na "tumepoteza jembe". Jembe mlilicheka lilipokuwa hai.

Sir, hukukichagua. Wasome hapa, na jina langu lipo juu, sijalificha.

Pumzika sasa, mwalimu wangu. Ulale bila kubishana na mtu. Kesho wakiniita ofisini, nitakwenda.