Upepo Uliposoma Zaburi za Mwalimu Mena

Sisi tuliolelewa kabla ya simu kuingia mifukoni, habari za majirani tulizipata kwa macho na masikio yetu wenyewe. Mtaani kwetu Nakuru, jirani wa kutazamwa alikuwa Mwalimu Mena, mzee wa Kiyahudi mwenye ndevu nyeupe na kofia ndogo iliyokaa utosini kama kifuniko cha birika. Tukitoka shule, vumbi hadi magotini, tulipanda ukuta kumchungulia akiandika kutoka kulia kwenda kushoto. Kaka yangu Otieno aliapa kwamba mzee anaandika kinyumenyume ili majini wasimsome.

Mwalimu alitusikia akacheka. "Hiki ni Kiebrania, enyi nyani wa ukutani!" Kiswahili chake kilikuwa kama chetu, maana alizaliwa papo hapo Nakuru. Ujanani alikwenda ng'ambo kusomea dini, akarudi kumuuguza mamake, na hakuondoka tena. Familia chache za Kiyahudi zilimjia na maswali yao ya sheria. Muda uliobaki aliandika kitabu cha kufafanua Zaburi. Akimaliza sura alituita, akatugawia njugu na kutusimulia kwa Kiswahili, akinguruma kila palipotajwa simba.

Jumamosi hakugusa kalamu. Ilikuwa Sabato yake. Hakuwasha moto wala kubeba kitu barabarani. Mama alituonya: "Siku ya mtu na Mungu wake haichezewi."

Basi Jumamosi moja upepo wa mvua ukafungua dirisha lake, na kurasa alizozihangaikia miaka mingi zikaruka mpaka barabarani. Mwalimu alisimama langoni, mikono nyuma. Kuzibeba ni mwiko. Kututuma sisi pia hakutaka, maana kumwagiza mtu kazi siku ya Sabato nako ni mwiko. Wingu lilikuwa limeshatanda juu ya mabati yetu.

Akasema tu, kama anayeongea na hewa, "Naona leo upepo nao umetaka kusoma Zaburi."

Mama alikuwa akianua nguo. Akaelewa. "Nyinyi watoto, mnangoja nini? Okoteni karatasi hizo!"

Tulitawanyika kama vifaranga. Tuliingia mitaroni, tukatambaa chini ya vibanda, tukachanwa na miiba ya ua wa Mama Njeri. Tulipozifikisha mezani kwa Mwalimu, mvua ilianza kupiga bati. Ukurasa mmoja tu ulitushinda: mbuzi wa Mama Njeri alikuwa ameshaanza kuutafuna. Otieno alivutana naye, akabaki na kipande kidogo chenye mate.

Kesho yake tulimpelekea kipande hicho huku tukiogopa. Alikigeuzageuza, kisha akacheka hadi machozi yakamtoka. "Ukurasa huu hata mimi sikuupenda. Mbuzi ameniwahi kuufuta!" Akauandika upya. Kitabu kilipochapwa alituonyesha ukurasa wenyewe kwa fahari, nasi tukautikisia vichwa kama wasomi, ingawa hatukujua hata herufi moja.

Nilipokuja Riyadh, huku Saudia, kufanya kazi za ndani, madam mwajiri wangu alinikuta nikifuatisha kwa kidole maandishi ya Kiarabu kwenye kopo la viungo. "Nani kakufundisha kuanzia kulia?" akauliza.

"Jirani yetu, madam."

Sasa niko Jeddah. Ijumaa, nikipewa ruhusa, nakutana na Wakenya wenzangu katika mkahawa mmoja wa mtaa wa Sharafiya. Juzi niliwasimulia habari za zile karatasi. Faith, mdogo wetu kuliko wote, akauliza bila kuinua macho kwenye simu, "Auntie, kwani hangesevu tu?"

Tulicheka mpaka mhudumu akaja kuona kuna nini. Kisha kila mtu akarudi kwenye kioo cha simu yake, wali wa kuku ukipoa katikati.

Mwalimu Mena alishafariki, na mtaa mzima ulimlilia. Enzi zetu mtu akiandika kitabu, hata wasiojua lugha yake walijua amefika sura gani. Hapa tumekaa bega kwa bega, lugha yetu moja, na sijui hata mmoja anasoma nini.