Majani Kutoka Kawangware

Siku yangu ya kwanza kazini, katika idara ya wadudu, nilipewa koleo ndogo, brashi laini na onyo. Msimamizi wa vizimba, mzee mkali aliyenifundisha kazi, aliniambia, "Hapa hatufugi kuku. Kiwavi akilala njaa, kesho unamzika." Nilidhani ananitisha tu.

Nyinyi vijana mnaosema kufuga wadudu ni mchezo, sikilizeni. Tulimfuga nondo anayeruka mchana, mweusi mwenye mabaka ya njano na mabawa ya nyuma mekundu. Hajifichi, kwa sababu ni mchungu, na ndege aliyemwonja mara moja hamrudii. Viwavi wake wana milia kama soksi za wachezaji mpira. Tuliwaweka katika vizimba, yaani masanduku ya mbao yenye wavu, na kuwabadilishia majani kila siku. Hula mmea mmoja tu wa kutambaa. Ukiwapa mwingine wanasusa mpaka wafe. Mmea huo ulikuwa umejaa kwenye ua wa Mama Mutua, Kawangware. Mama huyu wa Kitui alikuwa kibarua pale kazini, na kwa mikono alinishinda. Aliweza kuhamisha kiwavi mchanga bila kumkwaruza.

Viwavi hawajui likizo. Ofisi ikifungwa, mfugaji alibeba vizimba nyumbani. Ndiyo maana matokeo ya uchaguzi yalipotangazwa na Kibera ikawaka, mimi nilikuwa chumbani kwangu Kambi Muru, humo humo Kibera, vizimba vimejaa kitandani. Nje reli iling'olewa, maduka yakachomwa, na majirani waliokuwa wakiombana chumvi wakaanza kuulizana majina ya pili, yale yanayotaja kabila. Nondo yule hutangaza alivyo mchana kweupe. Sisi tulificha vitambulisho kwenye unga.

Mkuu wa Idara akanipigia simu kutoka nyumbani kwake, nyuma ya lango la chuma.

"Viwavi wako aje?"

"Bosi, huku watu wanauana."

"Nimesikia. Lakini hao ndio wa mwisho tuko nao. Majani iko kwa Mama Mutua."

"Barabara zimefungwa."

"Tafuta njia."

Hakuuliza kama watoto wangu wamekula. Nilimpigia Mama Mutua nikamwambia asitoke, wacha wafe.

"Bosi ameshanipigia," akasema. "Ati nisipopeleka, kibarua imeisha. Baba Nekesa, mimi niko na watoto."

Kesho yake asubuhi alifika mlangoni, gunia mgongoni, mkono wa kulia ukining'inia. Karibu na mtaa wa Ayany, akiingia Kibera, vijana walikuwa wamemsimamisha, wakamuuliza jina, jibu lisiwapendeze, wakampiga rungu. Gunia hawakulitaka.

Kwa hasira nilikamata kizimba ili nikakitupe mtaroni.

"Weka chini," akasema. "Ukiwatupa, mkono wangu umevunjika bure."

Nilimfunga mkono kwa leso na kipande cha ubao, ndipo nikawalisha. Walitafuna mpaka tukawasikia, na sijawahi kuchukia sauti yoyote kama ile.

Viwavi wakawa vifukofuko, vifukofuko vikatoa nondo. Ofisi ilipofunguliwa, Mkuu wa Idara alipongezwa. Mkono wa Mama Mutua uliunga vibaya, vidole vikashindwa kushika koleo. "Hii kazi inataka mikono miwili," Mkuu akasema, na mama wa watu akaachishwa bila hata kikombe cha chai. Nilimfokea ofisini kwake, mlango ukiwa wazi, kila mtu asikie. Akaniambia nichague: ninyamaze au nimfuate Mama Mutua. Nilibaki, ila sikumwita bosi tena.

Nilipostaafu walinipa zawadi: nondo yule yule, amechomwa pini ndani ya fremu ya kioo. Mkuu alihutubia kuhusu moyo wa kujitolea. Wahenga walisema hasira hasara. Mimi yangu nimeitunza vizuri kuliko kiwavi yeyote, na sina mpango wa kuiacha.

Niliipeleka fremu ile Kawangware. Mmea bado umefunika ua. Mama Mutua aliitazama, akacheka.

"Miaka hiyo yote, wakakupa maiti?"

Kisha akanirudishia kwa mkono wa kushoto, na kwa kuwa kumpa mtu kitu kwa kushoto ni kukosa adabu, akainamisha kichwa kama afanyavyo kila mara. "Nisamehe, Baba Nekesa."

Hiyo ndiyo samahani pekee ambayo mkono ule uliovunjika umewahi kuombewa.