Kaka Yangu na Kamanda wa Walatvia

Kaka yangu aliongoza batalioni kwa miaka mingi. Kiharusi kilipompata alikuwa amestaafu, mke wake amefariki na watoto wako ng'ambo, kwa hiyo nilimleta kwangu, mtaa wa Gihosha. Mkono wa kulia ulikuwa hauna kazi tena na mguu aliuburuta, lakini sauti ilibaki ile ile ya kwenye gwaride. Mimi nilikuwa fundi wa ndege, nami nimestaafu, na mgongo wangu si wa kujivunia. Kumgeuza kitandani asubuhi kulinimaliza kabla siku haijaanza.

Alikataa chumba cha nyuma chenye hewa. Alitaka cha mbele, kinachopigwa na jua tangu asubuhi, kwa sababu dirisha lake linatazama geti.

"Vijana wangu wa batalioni wakisikia niko huku, watakuja," alisema.

Basi kila siku nilimnyoa ndevu na kumvalisha shati lililopigwa pasi. Umeme ukikatika, niliwasha pasi ya makaa. Dawa zake nilizifuata mtaa wa Bwiza kwa miguu, maana mafuta ya gari yalikuwa hayapatikani, na nikirudi swali la kaka lilikuwa moja: nani amesema atakuja? Hakuna aliyekuja. Gari moja lilisimama getini, kaka akaniamuru nimwinue haraka. Lilikuwa la mtu aliyepotea njia ya kwenda Kiriri.

Mchana mmoja alikataa kula. "Sema kitu kwanza," aliniambia. Habari za mtaani zilikuwa zimeniishia, nikamsimulia nchi niliyosomea ufundi, Latvia, enzi ambazo Wasovieti ndio walikuwa wakubwa kule. Mwenzangu wa darasa alinipeleka kijijini kwao, na babu yake akatutembeza mashambani. Tulipofika mahali fulani mzee alipunguza sauti, ingawa hapakuwa na mtu mwingine ila ng'ombe. Akasema kamanda wa kwanza wa jeshi lao alifia upande ule. Wakati huo, baada ya vita kuu ya kwanza, nchi ilikuwa imetangaza uhuru juzijuzi tu, serikali imesukumwa na Wakomunisti mpaka mji mmoja wa bandari, na yule kamanda akakusanya watu wachache na kuanza kuirudisha ardhi kidogo kidogo. Kisha siku moja askari wake na washirika wao Wajerumani wakakutana bila kutambuana, kila upande ukadhani mwingine ni adui. Risasi zikampata kamanda. Mzee alisimulia huku akitazama nyuma mara kwa mara. Jina la kamanda huyo halikuwa la kutajwa hadharani siku zile.

Kaka alitafuna polepole. "Alikuwa wapi yeye? Mbele?"

"Alikuwa na watu wake."

"Apana. Kamanda hakai mbele hivyo. Na nani alituma habari kwa hao Wajerumani? Hakuna mutu alituma?"

"Sijui, mukubwa."

"We hujui kitu."

Lakini alimaliza sahani. Tangu hapo, kila chakula kikifika, alitaka yule kamanda. Alimgombeza kama afisa mdogo aliyefanya uzembe: angeweka walinzi pale, angepita kule. Nilichoka na habari hiyo. Nilichoka na mengi, kusema kweli. Kuna asubuhi nilisimama nje ya mlango wake na bakuli la uji, nikashindwa kuingia mpaka uji ukapoa.

Siku moja aliuliza jambo jipya. "Akiisha kufa, jeshi lilifanya nini?"

Sikujua. Nilimtumia yule mwenzangu wa zamani ujumbe wa sauti kwa simu, kwa Kirusi changu kilichoota kutu. Jibu lilikuja kesho yake, sauti ya kizee ambayo nilipata tabu kuitambua. Kaka alitaka nimfasirie neno kwa neno.

"Anasema walimlilia, wakamzika. Mwingine akashika uongozi. Kikosi kikakua, wakapigana mpaka nchi ikawa yao."

"Bila yeye?"

"Bila yeye."

"Na yeye ndiye alianza."

"Ndiyo."

Aligeuza uso ukutani. Siku hiyo hakula, na aliponikatalia hata maji, nilijuta kuuliza.

Kesho yake asubuhi muuguzi alikuja kama kawaida, mama mmoja wa Uvira aliyekuwa anamnyoosha viungo. Siku zote kaka alimfukuza, ati hawezi kukutwa na wageni akivutwa mkono kama mtoto. Mama akauliza kwa uangalifu, "Papa, leo tujaribu?"

"Nipelekeni kule nyuma kwanza," kaka alisema. "Hapa kunachoma."

Tulidhani hatukusikia vizuri. Akarudia, safari hii kwa ukali. Tukambeba mimi na yule mama, tukipumzika mara mbili kwenye ukumbi, tukamlaza chumba cha nyuma. Upepo uliingia dirishani. Alilia, bila kujificha, na mama wa watu akaanza kumnyoosha vidole, kimoja baada ya kingine.

"Hawatakuja," kaka alisema.

Niliketi sakafuni, nikaegemea ukuta. "Hawatakuja, mukubwa."

"Wana kazi."

"Wana kazi."

Alinitazama pale sakafuni. "Mudogo wangu, kumbe na we umezeeka."

Hakupona. Mkono haujarudi, na daktari haahidi kitu. Ila sasa anamruhusu muuguzi afanye kazi yake, na amejifunza kushika kijiko kwa mkono wa kushoto, akimwaga maharage na kuyatukana. Siku ile tuliyomhamisha, kabla hajaanza hata kuzungumza habari nyingine, usingizi ulinichukua pale pale chini. Nilipoamka nilikuta mto wa kaka chini ya kichwa changu. Muuguzi alikuwa ameshaondoka, na kaka alikuwa macho, akiwakemea kwa sauti ndogo, kupitia dirishani, watoto wa jirani wasipige kelele.