Siku Niliyokwenda Kuchukua Hati ya Nyumba

Nakiri kwamba kwa miaka minane niliishi ndotoni, katika nyumba ya vigae vyekundu hapa Kisumu, ambapo ukungu wa ziwa ulipanda hadi barazani kila asubuhi na kuondoka taratibu, kama mgeni asiye na haraka.

Mimi ni mwalimu wa historia. Mkataba wa mkopo niliusoma wote, nikausahihisha nukta kwa wino mwekundu. Kisha nikagawanya mkopo kwa malipo ya kila mwezi, nikapata miezi tisini na sita. Ukurasa wa riba niliupitia kama watu wapitiavyo dibaji.

Mwezi huo wa mwisho ulipotimia, nilimwita mama yangu kutoka Bondo, kwa kuwa nilikuwa nimemwahidi kwamba hati ataishika yeye kwanza. Tuliingia katika ofisi ya waliotukopesha tukiwa na kwaya nzima ya kanisa, na Mama amekumbatia kuku wa shukrani. Wimbo ukaanza.

Karani alifungua faili, akashusha pumzi.

“Mwalimu, pesa zako karibu zote zimelipa riba. Mkopo wenyewe haujapungua hata robo. Bado miaka kumi na miwili.”

Kwaya ilinyamaza, sauti moja baada ya nyingine. Mama akamsogelea karani.

“Baba, hebu niambie polepole. Jana nimelala kwa nyumba ya nani?”

“Yetu, Mama,” karani akajibu kwa adabu. “Karibu sana.”