Dobi na Neno la Notisi

Miaka kumi na minne mama mmoja alifua nguo za mtaa mzima katika chumba chake cha kupanga, na watu walimwita Dobi tu, kana kwamba jina la kuzaliwa lilitoka na maji ya kwanza. Siku mwenye nyumba alipobandika notisi mlangoni kwamba ahame "kwa uchafu", wateja waliokuja na vifurushi vyao waliisoma, wakageuka navyo. Dobi hakulilia chumba. Alikwenda mahakamani kulipinga lile neno.

"Mwanangu," alimwambia karani wa masjala, "mtu akiniita mkali, mbishi, mlafi, nitacheka. Lakini mchafu? Kesho nitafua za nani?"

Shauri liliahirishwa mara tatu. Katikati, dada yake akavunjika nyonga, hana wa kumgeuza kitandani. Dobi akapiga moyo konde, akahamia kwake. Ila kuondoka na kuacha vumbi katika chumba cha watu, nafsi haikumpa. Alisugua sakafu kwa brashi, akafuta vioo kwa gazeti, akapaka chokaa pale pasi ya mkaa ilipoacha weusi ukutani, kisha akarudisha ufunguo.

Karani aliposikia, alishika kichwa. "Mama, hata ufunguo? Ungeacha japo ndoo moja! Shauri ni la kuhama, nawe umehama. Mahakama itaamua nini?"

"Niache ndoo kwenye chumba cha mtu?" Dobi alishangaa. "Huo sasa ndio uchafu."

Siku ya kusikilizwa, mwenye nyumba alikuja na bahasha ya picha, kuthibitisha kwamba chumba ni kitupu. Hakimu, mama mwenye miwani ya kamba, alizitazama mojamoja. Akamweleza Dobi kwa upole: hakuna tena wa kuhamishwa, kwa hiyo hakuna la kuamua, shauri litafungwa bila kusema nani alikuwa na haki.

"Na neno je, Mheshimiwa? Nalo limehama?"

Watu walicheka. Dobi hakucheka; mikono yake, iliyokunjamana kwa sabuni, iling'ang'ania ukingo wa meza.

Hakimu akamgeukia mwenye nyumba. "Picha hizi ulipiga lini?"

"Siku ileile niliyopokea ufunguo, Mheshimiwa."

"Baada ya kusafisha?"

"Nisafishe nini? Sakafu ilikuwa inang'aa, hata viatu nilivua."

Alikwisha kusema ndipo akasikia alichosema. Akakohoa.

Hakimu aliandika, kisha akasoma kwa sauti: shauri limeondolewa, kwa kuwa mpangaji amehama, na chumba kilikabidhiwa kikiwa kitupu na safi.

Dobi akamfuata karani masjala kuomba nakala. "Muhuri uukandamize vizuri, mwanangu," alimwambia. "Wateja wangu wengine macho yamechoka." Akasimama kuisubiri, akitupia saa ya ukutani jicho, maana saa sita dada yake alikuwa wa kugeuzwa.