Fomu ya Kufungia Mandazi

Jirani yetu wa Makongeni hakutaka kabisa kuitwa mzee. Ukimwita hivyo, anakujibu, "Mzee ni baba yako," kisha anacheka. Alikuwa fundi kiwandani, na mashine ilishamla kidole cha shahada cha mkono wa kulia.

Mwaka huo vitambulisho vilikuwa vikibadilishwa, na sisi sote tulipanga foleni tukapakwa wino vidoleni. Ofisi fulani ya serikali ikaona fomu za zamani zinajaza stoo, ikaziuza kwa kilo. Zikatua kwa mama wa mandazi, karibu na geti letu. Alitufungia humo kila asubuhi, nasi hatukujali, mradi mandazi yawe moto.

Siku moja nilifungua yangu mezani. Pale palipokuwa na jina pamechanika, lakini chini kulikuwa na safu ya alama za vidole, na kisanduku kimoja kitupu. Karani alikuwa ameandika humo: "Hakuna." Nikajua ni nani. Kisha nikaona mwaka wa kuzaliwa. Kumbe kiwandani jirani alikuwa amejipunguzia miaka saba. Kwa umri wa kwenye fomu ile, kiwanda kingemstaafisha mara moja, na watoto wake wawili walikuwa bado sekondari. Msimamizi wake naye alinunua mandazi kwa mama yule yule.

Nilikasirika sana. Sikumkasirikia jirani, kupunguza umri ili upate kazi lilikuwa jambo la kawaida mtaani. Niliikasirikia ofisi iliyomkalisha chini, ikamwuliza kila kitu mpaka kijiji cha mama yake, halafu ikatuachia sisi tumsome tukinywa chai.

Nikampelekea. Aliisoma amesimama mlangoni, akautia mfukoni ule mkono wenye pengo. Akaniuliza kama nimeisoma. Sikuweza kumdanganya.

"Na mama wa mandazi amebakisha ngapi?" akauliza.

Nikamwambia rundo linanifika magotini. Akaikunja fomu mara nne, akanishukuru, akafunga mlango taratibu.

Kiwandani hakuna aliyemgusa. Alifanya kazi miaka mingine mingi, watoto wakamaliza shule. Lakini mimi hakunitania tena, na hilo liliniuma. Jioni moja tulikutana mferejini, nikajaribu kumchokoza kama zamani.

"Habari, mzee?"

"Nzuri," akaitika, akainua ndoo yake.

Nilisubiri amtaje baba yangu. Hakumtaja.